Mizinga ya Ngomeni, Makaburi ya Voi: Siku za Kufuata Nyayo za Vita Kutoka Mombasa

Ijumaa

Kiongozi wetu alitaka tukutane saa mbili asubuhi mbele ya Fort Jesus, penye ile mizinga miwili. Sisi watu wa Mombasa tumepiga picha hapo sikukuu baada ya sikukuu tangu utotoni, wengi wetu bila kuuliza imetoka wapi. Kikundi chetu kilikuwa cha wenyeji watupu: shangazi yangu aliyeteremka kutoka Rabai, mpwa wangu wa kidato cha pili, bwana na bibi wa Likoni, walimu wawili wa Changamwe, na mimi. Hilo lilinifurahisha sana. Nimezoea kuona ziara za namna hii zikipangwa kwa ajili ya wageni wanaoshuka melini, na sisi wenye mji tukiwauzia madafu tu.

"Ngomeni tutaingia," kiongozi akasema, "lakini tuanzie hapa nje." Akaweka kiganja juu ya mzinga mmoja. "Huu ni wa Pegasus, manowari ya Waingereza. Ule ni wa Königsberg, ya Wajerumani. Zilipigana."

Alfajiri ya 20 Septemba 1914, Pegasus ilikuwa imetia nanga Zanzibar ikitengenezwa mashine, haiwezi kukimbia. Königsberg ikaizukia na kuipiga hata ikazama. Kisha Königsberg nayo, mashine zake zikiwa mbovu, ikajificha kwenye mikono ya Mto Rufiji, ndani ya mikoko, na Waingereza wakakaa baharini wakiivizia miezi mingi. Tarehe 11 Julai 1915 meli mbili za maji mafupi, Severn na Mersey, ziliimalizia humo humo mtoni. Mizinga haikufa na meli. Wajerumani waliiopoa yote 10, wakaitia magurudumu na kuiburura nchi kavu. Waingereza nao walikuwa wameshaopoa ya Pegasus wakaitumia vivyo hivyo. Mizinga iliyoundwa kwa vita vya baharini ikaishia kupigana maporini, na leo miwili kati yake imekaa ubavu kwa ubavu Mombasa.

Shangazi alisikiliza mkono shavuni. "Mwanangu, chuma kama hiki chavutwa na nani porini?"

"Na watu, mama. Mamia kwa mzinga mmoja, kwa kamba."

"Na majina yao yameandikwa wapi?"

Kiongozi akanyamaza kidogo, kisha akasema swali hilo ndilo tutakalotembea nalo. Akatuonyesha hapo karibu mnara wa kumbukumbu ya Meja Arthur Wavell, aliyeunda kikosi cha Waarabu wa Mombasa vita vilipoanza na kuuawa Mwele, bara ya pwani ya kusini, Januari 1916. Wanaume waliokwenda naye walikuwa wa mji huu huu. Jina tunalolikumbuka ni la mkubwa wao.

Ndani ya ngome sikutegemea kusikia jipya. Wareno waliijenga kati ya 1593 na 1596 kwa ramani ya Mwitaliano Giovanni Battista Cairati, na tangu 2011 imo katika orodha ya urithi wa dunia ya UNESCO. Haya kila mwanafunzi wa Mombasa huyajua. Lakini kiongozi alitusimamisha juani uwanjani akatusimulia mazingiwa ya Waomani, kuanzia Machi 1696 hadi Desemba 1698, karibu miaka 3. Waliokufa ndani wengi walikufa kwa maradhi. Ikafika wakati mwaka 1697 Wareno wote wa ngomeni wameshakwisha, na mlinzi wa ngome ya mfalme wa Ureno akawa Bwana Daud wa Faza pamoja na jamaa zake wachache, wanaume wanane wa Kiafrika, na wanawake wa Kiafrika wapatao 50. Wanawake! Nimeingia ngome hii tangu shule ya msingi na hakuna aliyewahi kuniambia kwamba kuna wakati kuta hizi zilishikwa na wanawake. Hatujui walikuwa wa wapi wala walitaka nini. Pengine hawakuwa na mlango wa kutokea. Mpwa wangu, ambaye hadi hapo alikuwa akichungulia simu, aliiweka mfukoni.

Baada ya hapo ngome ilikuwa ya Waomani, ikawa ya ukoo wa Mazrui, ikapigwa mizinga na Waingereza mwaka 1875, halafu kuanzia 1895 hadi 1958 ikawa gereza. Bibi wa Likoni alisema mjomba wake alifungwa humo, akatoka peke yake kwenda kutazama upande wa bahari. Hatukumfuata.

Mji wa Kale tuliupita kwa haraka kwa sababu ya swala ya Ijumaa. Ndia Kuu, ngazi za Leven zinazoshuka majini, Msikiti wa Mandhry ambao umesimama tangu 1570. Wanaume wakaingia kuswali, sisi wengine tukakaa barazani na kahawa chungu na kashata. Shangazi alikuwa kimya muda mrefu, kisha akanieleza jambo ambalo sikuwahi kulisikia nyumbani: ndugu wa babu yake alichukuliwa Rabai mwaka 1917 kwenda kubeba mizigo ya Vita vya Kijerumani, yaani Vita Kuu ya Kwanza, na hakurudi. Mama yake alimsubiri hadi alipofariki. Jina lake lilipewa mtoto mwingine, na baada ya hapo halikutajwa tena katika habari za vita.

Jumamosi

Tuliondoka saa kumi na moja alfajiri kwa matatu ya kukodi. Changamwe bado taa zinawaka, malori ya makontena yameshajipanga. Mazeras, Mariakani, Samburu. Kukapambazuka tukiwa tayari katika nyika ya Taru, vichaka vya miiba pande zote na udongo unaozidi kuwa mwekundu. Mackinnon Road dereva alisimama kwenye msikiti wenye kaburi la Sayyid Baghali, msimamizi kutoka Punjab aliyefanya kazi ya reli, akatoa sadaka kama wafanyavyo madereva wengi wa barabara hii. Kiongozi akaongeza kwamba miaka ya 1950 hapa palikuwa na kambi ya kuwazuilia watuhumiwa wa Mau Mau. Barabara moja, na kila kituo kina vita vyake.

Voi tuliingia mapema, tukanywa chai na mahamri tuliyobeba wenyewe, kisha tukaenda makaburini.

Makaburi ya vita ya Voi yametunzwa vizuri kupita makaburi yoyote ya raia niliyoyaona Kenya. Nyasi zimekatwa, mawe yamepangwa kwa uzi. Tulisimama kwenye jiwe la Luteni Wilbur Dartnell, mzaliwa wa Australia. Tarehe 3 Septemba 1915, karibu na Maktau, alipigwa risasi mguuni. Wenzake walipotaka kumbeba alikataa, akabaki na majeruhi wasioweza kutembea akitumaini kuwaokoa, akauawa pamoja nao. Alipewa nishani ya Victoria Cross baada ya kifo. Nilisoma jiwe lake kwa heshima ya kweli. Mtu aliyekufa hivyo anastahili jiwe, na anastahili mtu wa kulifagia.

Shangazi alizunguka safu zote polepole, akiomba mpwa wangu amsomee kila jina. Wazungu. Wazungu. Alipomaliza alisema tu, "Haya."

Hapo kiongozi akatukalisha kivulini akatueleza habari ya wapagazi, na kwa maoni yangu hiyo ndiyo iliyokuwa safari yenyewe. Jeshi la Waingereza Afrika Mashariki halikuweza kutegemea wanyama, kwa kuwa mbung'o waliua farasi na nyumbu kwa maelfu. Malori yalikuwa machache na mvua iliyazamisha. Kilichobaki ni bega la mtu. Wanahistoria wanakadiria wapagazi waliokufa upande wa Waingereza pekee walifika karibu 100,000. Risasi iliua wachache. Wengine waliuawa na kuhara damu, malaria, homa ya mapafu na njaa. Watu waliozoea chakula kingine walipewa unga wa mahindi bila muda wala kuni za kuupika ukaiva, na matumbo yao yakaharibika. Walilala mvuani bila mablanketi ya kutosha.

"Na huku kwetu?" nikauliza.

Akarudi nyuma hadi 1913, kwa Mekatilili wa Menza, aliyezunguka Giriama akiwaapisha watu wasitoe vijana wao kufanya kazi za Mzungu. Walimkamata wakampeleka mbali hadi Kisii. Agosti 1914, vita vikiwa vimeanza Ulaya, serikali ikailipua Kaya Fungo, makao matakatifu ya Wagiriama, kwa baruti, na mapigano yakafuata. Wagiriama waliposhindwa walitozwa faini na kutakiwa watoe wanaume 1,000 wa kazi ya upagazi. Shuleni nilifundishwa Mekatilili katika somo moja na Vita Kuu katika somo lingine, na sikuwahi kuona kwamba ni jambo moja: mama mmoja alikataa vijana wasichukuliwe, na walichukuliwa.

Kutoka Voi barabara ya Taveta inapita Mwatate, penye mashamba ya mkonge, kisha Bura chini ya milima ya Taita. Njia hii yenyewe ni ya vita. Mapema 1915 Waingereza walianza kujenga reli kutoka Voi kuelekea Taveta, kwa kuwa Wajerumani walikuwa wameiteka Taveta Agosti 1914 na walikuwa wakituma watu wachache wachache kulipua reli kuu ya Mombasa. Mafundi na askari wa reli walitoka India. Kufikia Juni reli ilikuwa Maktau. Maji yalitoka milimani Bura, maana huko mbele hayakuwepo, na ukipita saa sita mchana unaelewa upesi kwamba mtu aliyeshika maji ndiye aliyeshika vita. Tembo watatu walivuka barabara mbele yetu wakielekea Tsavo, na mwalimu mmoja wa Changamwe akasema hao ndio pekee waliokuwa wakijua njia bila ramani.

Maktau kuna makaburi ya askari Wahindi. Ni padogo na pametulia, na hatukukaa sana.

Salaita inastahili maelezo zaidi. Ukiwa barabarani unaweza kuipita usiione: kilima kifupi katikati ya tambarare, kimefunikwa vichaka. Tulipanda kwa miguu, shangazi akabaki chini na dereva. Mahandaki ya Wajerumani bado yapo, yamejaa udongo na nyasi lakini unayafuata kwa mguu, yamekizunguka kilima. Ukisimama ndani yake ukatazama mashariki unaona kila kitu kinachokuja kutoka Mbuyuni. Tarehe 12 Februari 1916 walikuja maelfu ya Waafrika Kusini weupe, wageni kabisa wa nchi hii, walioambiwa kwamba wanakwenda kupigana na askari weusi ambao hawatasimama. Askari wale, Waafrika wa jeshi la Wajerumani, walisimama. Waafrika Kusini walikimbia wakiacha zaidi ya watu 130 wamekufa au kujeruhiwa. Waliowakinga wakati wa kurudi nyuma ni Wabaluchi wa jeshi la India, ambao hao hao Waafrika Kusini walikuwa wakiwaita makuli. Husimuliwa kwamba Wabaluchi waliuokoa mzinga wa rashasha uliotupwa, wakawarudishia wenyewe pamoja na ombi kwamba tangu siku hiyo wasiwaite tena hivyo.

Mpwa wangu alitaka kujua habari ya mbuyu. Karibu na Salaita kuna mbuyu mkubwa ambao watu husema mwanamke wa upande wa Wajerumani alijificha ndani yake akiwapiga risasi askari wa Waingereza. Kiongozi aliisimulia kama inavyosimuliwa, akasema wazi kwamba hiyo ni hadithi ya watu, na kwamba yeye hupenda kutenganisha kile kilichoandikwa na kile kinachopendeza wageni. Nilimheshimu kwa hilo. Viongozi wengi wangemwacha mwanamke wa mbuyuni aimalize safari, maana ndiye atakayepigiwa picha.

Taveta tulifika saa tisa. Juani kwa siku nzima, sasa ghafla migomba, mifereji ya maji, soko limejaa ndizi hadi barabarani, na Kilimanjaro imejifunika mawingu. Vilima vya Latema na Reata viko magharibi ya mji. Usiku wa 11 Machi 1916 vilipiganiwa gizani, na kamanda wa kikosi cha tatu cha King's African Rifles, jeshi la Waingereza la askari Waafrika, Luteni Kanali Graham, aliuawa huko. Kesho yake Wajerumani waliviacha, na vita vikahamia ng'ambo ya mpaka. Makaburi ya Taveta ni kama ya Voi, mawe safi kwa safu. Shangazi hakuingia. Alikwenda sokoni akanunua mkungu wa ndizi mzima, akamwambia dereva aufunge juu ya gari, na njia nzima ya kurudi alikuwa akituuliza kama haujaanguka.

Mombasa tuliingia usiku sana.

Jumapili

Leo tulibaki kisiwani, na tuliamka tumechoka.

Tulianzia kwenye sanamu za askari barabara ya Jomo Kenyatta. Magari yanazizunguka siku nzima, wachuuzi wamejaa kandokando. Kiongozi alituomba tusome maandishi. Yanawataja wapagazi, na yanasema walikuwa miguu na mikono ya jeshi. Yanaahidi pia kwamba mtu akipigania nchi yake, hata akifa, wanawe watalikumbuka jina lake. Shangazi alitaka yasomwe mara mbili. Kisha akatamka jina la ndugu wa babu yake, kwa sauti, pale pale kando ya barabara, matatu zikipiga honi, akasema: "Mimi ni mwanawe. Mimi nalikumbuka. Wao wamelikumbuka wapi?"

Mwaka 2021 Tume ya Makaburi ya Vita ya Jumuiya ya Madola ilikiri katika ripoti yake kwamba watu wasiopungua 116,000 waliokufa katika vita vile, pengine hadi 350,000, wengi wao wa Afrika Mashariki na Misri, hawakuandikwa kwa majina yao au hawakukumbukwa kabisa. Tume iliomba radhi. Kiongozi alimweleza shangazi haya kwa Kiswahili chepesi. Akasikiliza hadi mwisho, akauliza kama radhi hiyo imefika Rabai.

Vita vya pili vya dunia vilikuwa tofauti, na mfano upo hapa hapa. Meli Khedive Ismail ilipakia askari Kilindini ikaondoka mwanzoni mwa Februari 1944 kwenda Colombo. Tarehe 12, karibu na visiwa vya Maldives, nyambizi ya Kijapani iliipiga, ikazama kwa muda wa dakika mbili hivi. Walikufa watu 1,297, wakiwemo wauguzi na kikosi cha mizinga cha Afrika Mashariki, vijana wa Kiafrika wengi. Hawa wana majina. Yamechongwa kwenye ukumbusho ulioko Nairobi. Kumbe inawezekana kuandika jina la Mwafrika kwenye jiwe. Mwaka 1917 hawakutaka.

Furaha ya siku ilikuwa ya mpwa wangu. Anasoma Allidina Visram, na hakuamini alipoambiwa kwamba mwaka 1942, baada ya Wajapani kuishambulia Ceylon na manowari za Waingereza kuhamia Kilindini, shule yake ilichukuliwa na jeshi ikawa kituo cha kunasa na kufumbua ujumbe wa siri wa Wajapani. Kuelekea mwisho wa mwaka ule walifumbua mfumo wa siri wa meli za biashara za Kijapani, baada ya mtumaji mmoja kukosea akatuma ujumbe ule ule mara mbili, wa pili ukiwa umeongezwa habari. Kutoka hapo Mombasa ikajua meli za Wajapani zinakwenda wapi na zimebeba nini. Kijana alisimama nje ya lango akitazama madarasa yale yale anayosomea hesabu. Ameshaamua kuwaandikia wenzake habari hii kwenye gazeti la shule, na nimemwambia nitamsaidia kutafuta vitabu.

Kabla ya kuachana tulikaa Mama Ngina na mihogo ya kukaanga, nikamwambia kiongozi ninachofikiri. Safari yake ni nzuri, na ukweli wake ni mzuri zaidi. Lakini ikitoka mjini inaanzia Voi, kwenye makaburi ya waliobebewa. Ianzie kwa waliobeba. Ipite Rabai, ipite Kaloleni upande wa Kaya Fungo, wazee wa huko waulizwe nani alichukuliwa na nyumba ipi, majina yaandikwe daftarini kwanza, na ndipo watu waende Voi wakiwa nayo mkononi.

Alifikiria. Akasema kaya haiingiwi bila idhini, itabidi aende mwenyewe kwa wazee kabla, na huenda wakakataa. Njia si shida: kutoka Mazeras unapanda Rabai hadi Kaloleni, unashukia Mariakani, lami yote. Itaongeza saa mbili, kwa hiyo watu watalazimika kulala Voi au Taveta, na bei itapanda.

"Na mimi nitakuwa Rabai," shangazi akamwambia. "Ukija, pitia kwangu. La kwanza la kuandika ninalo."